Anayemwosha mama na anayelipa dawa: majibu kwa barua za akina dada

Nimechagua barua saba kati ya zilizonifikia hapa Moshi tangu mvua za vuli zianze. Nimezifupisha, nimeyaacha majina, na kila palipokuwa na jambo la kumtambulisha mtu nimeligeuza kidogo. Ya kwanza nimeijibu kwa kirefu kuliko nyingine, kwa kuwa Disemba imekaribia, mabasi ya kutoka Dar es Salaam yataanza kujaa, na kikao anachokiogopa mwandishi wake kinaogopwa katika nyumba nyingi za mlimani.

"Shikamoo dada. Tumezaliwa watano Kibosho, wasichana wawili na wavulana watatu. Mama alipata kiharusi miaka mitatu iliyopita na upande wake wa kulia haufanyi kazi. Dada yangu mkubwa ni mhasibu Arusha. Ndiye anayelipa dawa, usafiri wa kliniki na mshahara wa kijana anayekata majani ya ng'ombe. Mimi nilikuwa na duka la nguo mjini, nikalifunga ili nimtunze mama. Kaka zetu wako Dar es Salaam, huja Krismasi. Kila kikao dada anasema yeye ndiye aliyeibeba nyumba hii. Kuna mtu wa Tengeru aliyeleta posa mwaka jana, nikamwambia asubiri. Nikiondoka nitakuwa nimemtupa mama? Na je, ninachofanya mimi si kazi?" (Mdogo mtu, Kibosho)

Marahaba, mdogo wangu. Naanza na swali lako la mwisho kwa sababu ndilo lililobeba mengine yote. Unachofanya ni kazi, tena ni kazi ya zamu mbili inayofanywa na mtu mmoja. Mgonjwa wa kiharusi asiyeweza kujigeuza anapaswa kugeuzwa kila baada ya saa mbili hivi, usiku na mchana, ili asipate vidonda vya kulala, analishwa chakula laini taratibu ili kisimpalie, mkono na mguu uliolegea hunyooshwa kila siku kama mtaalamu wa viungo alivyoelekeza, mashuka yanafuliwa, na katikati ya hayo yote yupo mgeni aliyekuja kumjulia hali mama ambaye naye anangoja chai. Hakuna hata moja kati ya hayo linalotolewa risiti, na hapo ndipo dada yako anapokuzidi kauli: yeye ana risiti za duka la dawa, wewe una viganja vilivyochubuka kwa sabuni.

Kabla ya kikao, tafuta daftari la kawaida na kwa siku 14 andika saa uliyoamka, ulichofanya na saa uliyolala, bila kupamba wala kuongeza. Ulizia pia mjini mtu wa kulala nyumbani akimtunza mgonjwa hulipwa kiasi gani kwa mwezi, ukikumbuka kwamba mtu huyo ataomba siku ya kupumzika ambayo wewe hujaipata kwa miaka mitatu. Mwisho, weka chini faida ambayo duka lako lilikuwa likiingiza ulipolifunga, kwa kuwa huo nao ni mchango wako katika matibabu ya mama. Nilifanya hivyo mimi mwenyewe baba yetu alipougua, baada ya kuwakasirikia ndugu zangu mwaka mzima bila kuwaambia, na kurasa zile ziliposomwa hakuna aliyebisha. Nadhani hata mimi sikuwa najua kazi ilikuwa nyingi kiasi hicho mpaka nilipoisikia ikisomwa na mtu mwingine.

Dada yako usimgeuze adui. Dada mkubwa katika nyumba nyingi za huku hulelewa kama mama wa akiba: anaambiwa tangu darasa la tatu kwamba wadogo zake wanamtazama, na akishapata ajira hakuna mtu anayemuuliza kama yeye mwenyewe amekula. Inawezekana kabisa kwamba sentensi ile ya kuibeba nyumba, inayokuchoma wewe, ndiyo shukrani pekee anayoipata, na anajishukuru mwenyewe kwa kuwa wengine hawamshukuru. Mtafute kabla ya Disemba, ninyi wawili tu, umwonyeshe daftari, umwombe naye akuonyeshe hesabu zake. Sitashangaa mkigundua kwamba mnazozana juu ya mzigo ambao wenye kuukwepa wako watatu, na hawapo hapo.

Hao watatu ndio hoja yangu kubwa. Kwa desturi ya Wachagga mtoto wa kiume wa mwisho ndiye anayebaki kwenye kihamba cha wazazi, yaani shamba la migomba la ukoo, na kurithi nyumba, na wazee waliopanga hivyo hawakuwa wakimpendelea mtoto wa mwisho bure. Kihamba na mzazi vilikwenda pamoja. Aliyeachiwa migomba aliachiwa pia mama aliyezeeka chini ya migomba hiyo, na mkewe ndiye aliyekuwa akipika mtori, supu ya ndizi, wa mgonjwa. Siku hizi nusu ya desturi inakumbukwa na nusu inasahauliwa: kijana yuko Dar es Salaam akijua kihamba ni chake, na uangalizi umeangukia kwa dada ambaye desturi hiyohiyo inasema si wa hapo, ataolewa. Mwulize kaka yako wa mwisho, kwa heshima na mbele ya wengine, anaitaka desturi yote au haitaki. Ujue pia, hata kama hutalisema siku hiyo, kwamba Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inampa mwanamke haki ya kupata na kumiliki ardhi sawa na mwanamume, na inabatilisha mila inayomnyima haki hiyo kwa sababu tu ni mwanamke.

Kikao msikifanye tarehe 25, wakati nyumba imejaa wageni na kata ya mbege, pombe yetu ya ndizi, imeshazunguka mara kadhaa. Fanyeni tarehe 27 au 28, mwenyekiti awe mjomba au shangazi asiye na maslahi, na mmoja wenu aandike muhtasari utakaosainiwa. Yazungumzwe mambo matatu tu: nani anakaa na mama wiki zipi, kila mmoja wa watano anatoa kiasi gani kwa mwezi, na harusi yako ni lini. Hilo la tatu uliseme kama taarifa, si kama ombi. Tengeru si ng'ambo ya bahari. Mwanamke aliyeolewa Tengeru anaweza kuja Kibosho kushika zamu yake ya wiki moja kila mwezi, na mama hatakuwa ametupwa. Atakayekuwa ametupwa, ukiendelea kumwambia asubiri bila kumtajia tarehe, ni yule mwanamume.

"Mke wangu anaongoza wageni kupanda Mlima Kilimanjaro. Akipandisha kwa njia ya Machame hukaa siku sita au saba. Mimi ni fundi seremala. Akiwa mlimani mimi ndiye ninayepika, ninayefua na kupeleka watoto shule. Mama yangu alikuja kututembelea wiki moja, akasema nimeolewa. Wenzangu kijiweni wananicheka. Nampenda mke wangu, lakini najisikia nimepungua." (Fundi, Moshi)

Kaka yangu, umefanya vizuri kuandika, maana wanaume wengi wenye hali kama yako huimaliza kwa ugomvi usiotaja jambo lenyewe: mke anarudi kutoka mlimani, inaanzishwa kesi ya simu iliyokuwa haipatikani, kumbe kinachouma ni kijiwe.

Kwanza nikukumbushe habari ambayo mama yako anaijua kuliko mimi. Katika vihamba vyetu kahawa ilikuwa mali ya baba. Yeye ndiye aliyekuwa mwanachama wa chama cha msingi cha wakulima wa kahawa, na fedha ya chama ilifika mkononi mwake. Ndizi na maziwa vilikuwa vya mama. Bei ya kahawa ilipoporomoka na baba wengi wakaondoka kwenda kutafuta mijini, ni mkungu uliobebwa kichwani mpaka Kiboriloni na Mbuyuni uliolipa ada, ukanunua sare na kuezeka jiko. Wanawake hao walikuwa wanaendesha nyumba, ila kila mtu alikubali kusema kwamba nyumba inaendeshwa na mzee aliye safarini. Kilichobadilika kwenu ni kwamba jambo linaonekana: mkeo ana sare, ana leseni, analipwa waziwazi, na wewe huna safari ya kukusitiri. Mwulize mama yako, siku mmetulia, ada yako ya shule ilitoka kwenye kahawa au kwenye ndizi.

Pili, jichunguze kinachokupunguza ni nini hasa. Ni sufuria, au ni karakana kukosa oda? Hayo ni mambo mawili, na dawa zake ni mbili. Kama karakana imelala, basi hata ukiajiri mpishi utaendelea kujisikia umepungua, na hapo la kufanya ni kutafuta oda, wala si kumrudisha mke jikoni. Mkeo naye hana kazi ya mwaka mzima. Masika yakishika, kuanzia Machi mwishoni hadi Mei, wageni hupungua sana. Miezi hiyo yeye ashike nyumba na wewe ushinde karakanani bila kuitwa, kisha Juni mgeuze tena. Zamu ikiwa na majira yake haiitwi kuolewa.

La mama yako ulizungumze wewe, asilizungumze mkeo. Mkwe hawezi kumjibu mama mkwe jambo hilo likaisha salama, lakini mtoto aliyemzaa anaweza kumwambia: "Mama, hapa hivi ndivyo tulivyopanga, na mimi ndiye niliyepanga." Nina ombi dogo pia. Mtu anayeshuka kutoka mita 5,895 akiwa na midomo iliyopasuka na kucha zilizokufa hahitaji kukuta rundo la nguo chafu lililowekwa akiba kwa ajili yake. Mpe siku moja ya kulala.

"Nafanya kazi mapokezi katika hoteli moja Arusha, nina ujauzito wa miezi mitano. Msimamizi amenieleza kwamba likizo ni mwezi mmoja, na nikizidisha nafasi yangu itachukuliwa. Mume wangu naye ameambiwa kazini kwake kwamba wanaume hawana likizo ya uzazi. Ni kweli?" (Mama mtarajiwa, Sakina)

Si kweli yote mawili. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, kifungu cha 33, inampa mfanyakazi siku 84 za likizo ya uzazi yenye malipo, na siku 100 akijifungua mtoto zaidi ya mmoja. Kifungu cha 34 kinampa baba siku zisizopungua 3 zenye malipo, atakazozichukua ndani ya siku 7 tangu mtoto azaliwe. Siku 3 ni chache mno, hilo nakubali, hazitoshi hata kujifunza kumfunga mtoto nepi. Lakini azidai, kwa sababu haki isiyodaiwa husahauliwa kwanza na mwajiri, kisha na wafanyakazi wenyewe.

Upande wako kuna wajibu mmoja ambao wengi huukosa. Mwajiri anapaswa kupewa taarifa walau miezi 3 kabla ya tarehe ya kujifungua, pamoja na cheti cha daktari. Una miezi mitano, hivyo muda ungalipo, ila usiupoteze: andika barua wiki hii, peleka nakala mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa na ubaki nayo. Ukirudi kazini utakuwa na haki ya kwenda kumnyonyesha mtoto hadi saa 2 kwa siku katika saa za kazi. Ukiachishwa kazi kwa sababu ya ujauzito, hiyo si sababu halali, na malalamiko hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 30. Usikae nyumbani miezi miwili ukishauriana na majirani.

Jambo moja hunifurahisha katika sheria hii. Bibi zetu walimweka mzazi ndani miezi mitatu, akinywa mtori na kutunzwa na mama mkwe, na siku 84 ni wiki 12, karibu muda uleule. Kwa hiyo msimamizi wako akisema hayo ni mambo ya kigeni, mwambie bibi yake mwenyewe angemshangaa.

"Mimi na mume wangu tumenunua kiwanja Usa River. Mkataba una jina lake peke yake kwa kuwa siku ile nilikuwa kazini. Tangu hapo mimi ndiye ninayenunua tofali na saruji kutokana na biashara yangu ya vitenge, yeye analipa mafundi. Dada zangu wananiambia ninajenga kwa watu. Nikimuuliza mume anasema simwamini." (Mama Vitenge, Arusha)

Dada zako wamezidisha, lakini hawajakosea kabisa. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inampa mwanamke aliyeolewa haki sawa na mume ya kupata, kumiliki na kuuza mali yake mwenyewe. Hata hivyo mali iliyoandikwa jina la mwanandoa mmoja huchukuliwa kuwa ni yake mpaka ithibitishwe vinginevyo, na iliyoandikwa majina mawili huchukuliwa kuwa ni ya wote kwa sehemu sawa. Hivyo jina halimalizi habari, ila linaamua ni nani atakayehangaika kuthibitisha, na kwa hali ilivyo sasa mwenye kuhangaika ni wewe.

Una kinga kadhaa. Ndoa ikivunjika, mahakama hugawa mali iliyochumwa pamoja kwa kuangalia mchango wa kila mmoja wa fedha, mali au kazi, na tangu mwaka 1983, katika shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba hata kazi za nyumbani za mke ni mchango, ingawa Bi Hawa mwenyewe hakushinda rufaa yake. Nalitaja shauri hilo kwa sababu wako wanawake wanaoamini kwamba asiyeshika saruji hana lake. Nyumba ikishakuwa makazi ya familia, mume hawezi kuiuza wala kuiweka rehani bila ridhaa yako, na sheria inakuruhusu kuweka zuio kwa msajili kulinda maslahi yako. Hizo ni kinga za siku ya vita, na ingekuwa vyema zisihitajike.

Kwa sasa fanya mawili. Risiti za tofali na saruji zitoke kwa jina lako, na fedha ipite benki au kwenye simu ili ibaki kumbukumbu. Kisha mwendee mume wakati hamjagombana, si jioni ya siku ya kumlipa fundi, umwambie unataka hati itakapoombwa iwe na majina mawili. Akisema humwamini, usiingie katika mtego wa kuapa kwamba unamwamini. Mwulize mmoja wenu akifa kesho ni nani atakayebisha hodi kudai kiwanja kile. Wote wawili mnawajua watu hao kwa majina. Hati yenye majina mawili inamlinda na yeye dhidi ya ndugu zako, akilitazama hivyo huenda akalainika, na kama hatalainika hata kidogo baada ya maelezo hayo, ningesimamisha ununuzi wa saruji mpaka nijue sababu.

"Nina mchumba, tuko tayari, lakini baba hataki nitangulie kuolewa kabla ya dada yangu mwenye miaka 36 anayesoma shahada ya uzamili. Nifanyeje?" (Wa pili, Marangu)

Umemuuliza dada yako? Nimesoma barua yako yote mara mbili na sikuona mahali alipotoa neno. Nenda kwake kwanza. Mara nyingi dada anayesemwa kwamba ataumia ndiye anayesononeka kuona kila sherehe ya nyumbani imesimama kwa jina lake, na maneno ya mtu kama huyo, akiyapeleka kwa baba yeye mwenyewe, yana uzito ambao wewe na mchumba wako hamtaufikia hata mkituma wazee kumi.

"Mimi na mdogo wangu tunaishi Njiro pamoja, wote tunafanya kazi, nina watoto wawili. Tuna dada wa kazi kutoka Singida. Mtoto wa mwisho sasa anamwita yeye mama, na akianguka anamkimbilia yeye. Mdogo wangu anasema tumfukuze tulete mwingine. Nimeumia sana." (Mama wawili, Njiro)

Pole kwa maumivu, lakini mdogo wako amekupa ushauri mbaya. Mtoto anayemkimbilia mtu akianguka ametambua mahali penye usalama. Ukimwondoa mtu huyo ghafla, mtoto atajifunza kwamba walio salama hutoweka, na dada wa kazi atakayefuata naye ataitwa mama, au, jambo baya zaidi, hataitwa chochote. Tengeni muda wenu kila siku, hata ukiwa saa moja ya kuoga na kulala, ambao ni wako peke yako na mtoto, simu ikiwa chumba kingine. Jina litajirekebisha lenyewe.

Nina maswali kwako na kwa mdogo wako, kwa kuwa barua imemtaja dada huyu mara nne bila kusema anaishije. Ana siku ya kupumzika? Analipwa tarehe inayojulikana au mkikumbuka? Yeye ni mfanyakazi kama ninyi, na sheria ileile ya mwaka 2004 niliyomtajia mwenzenu wa Sakina inampa saa 24 mfululizo za mapumziko kila wiki na siku 28 za likizo kwa mwaka. Sisi wanawake tuliopata nafasi ya kutoka asubuhi na mkoba begani tumeipata kwa sababu mwanamke mwingine amebaki nyuma akishika mwiko, na huwa sielewi kwa nini tunaodai siku 84 kwa mabosi wetu tunashindwa kutoa Jumapili moja nyumbani kwetu. Inawezekana pia kwamba Singida kuna mtoto ambaye naye akianguka anamkimbilia bibi. Mwulize.

"Nina miaka 34, ni mwalimu wa sekondari. Mchumba wangu anaendesha bajaji ya mtu. Anajituma na ananiheshimu, lakini kipato chake hakifiki changu. Baba ametaja mahari ambayo najua hawezi. Nimepanga kukopa kwenye VICOBA yetu, kikundi chetu cha kuweka na kukopa, nimpe kwa siri, alete kama yake. Dada yangu mkubwa amegundua, anasema ninajinunua mwenyewe." (Mwalimu, Moshi)

Mwalimu, kauli ya dada yako ni kali lakini imenichekesha, nisamehe. Sitakuambia umwache mwanamume huyo. Kipato kidogo kwa mtu anayejituma ni hali, inaweza kubadilika. Dharau ni tabia, na hiyo umesema hana. Ninachokikataa ni siri. Mkopo wa VICOBA una marejesho ya mara kwa mara na una wanachama wenzako wanaojua umekopa kiasi gani, kwa hiyo siri hiyo itafika kwa shangazi yako kabla mahari haijafika kwa baba yako. Hata isipofika, utaingia kwenye ndoa ukiwa na jambo ambalo siku ya hasira utalitamka, na yeye siku ya hasira atajua kwamba umelitunza ili ulitamke.

Baba yako naye asidhani kwamba bila kiasi hicho hakuna ndoa. Kwa Sheria ya Ndoa, kutokamilika kwa mahari hakubatilishi ndoa iliyofungwa kihalali. Lakini wewe hutaki kumshinda baba yako kwa kifungu cha sheria, unataka aketi mbele siku ya harusi akiwa anatabasamu, na njia ya huko ni ya zamani kuliko sheria hiyo: mahari ilikuwa ikilipwa kidogokidogo, mbege na mbuzi wakitangulia, mengine yakifuata kwa miaka, na mkwe aliyekuwa bado anadaiwa alikuwa na sababu ya kuendelea kuja nyumbani kwa wakwe zake. Mchumba wako atafute mshenga anayeheshimiwa na baba yako, amweleze kipato chake kama kilivyo, na aombe kulipa kwa awamu. Wewe mwambie mama yako mapema, ukweli wote, pamoja na bajaji kuwa ya mtu. Kama bado unataka kuchangia, weka fedha hiyo ya VICOBA kwenye malipo ya awali ya bajaji itakayokuwa yenu, kwa majina mawili, kama nilivyomwandikia Mama Vitenge hapo juu. Dada yako akiuliza tena unajinunua kwa kiasi gani, mwonyeshe kadi ya gari.